Barua ya wazi kwa Bodi ya Filamu: msituombe maneno ambayo bado hayajasemwa

Kwa Mwenyekiti, Katibu Mtendaji na wajumbe,
Bodi ya Filamu Tanzania.

YAH: KIBALI KWA FILAMU ZA MAKALA ZISIZO NA MSWADA

Ndugu viongozi,

Kichwa cha habari hapo juu chahusika.

Mimi ni mhariri wa picha. Kazi yangu ni kukaa katika chumba chenye mapazia mazito na picha walizopiga wengine, nikitafuta filamu imejificha wapi ndani yake. Wateja wangu wa zamani walikuwa watu wa Bongo Muvi na watu wa miradi, wale wa makala za vyandarua na visima. Bado wapo, na ndio wanaonilipia kodi ya pango. Lakini siku hizi kuna mgeni mwingine anayebisha hodi. Anakuja kijana mchoraji au mchongaji, pengine mtu wa kushona vitambaa ukutani, ana simu na kinasa sauti cha kuazima, ana saa nyingi za picha za babu yake akitengeneza redio mbovu, na anasema hii ni makala. Haina msimulizi, haina wataalamu waliokaa mbele ya rafu ya vitabu, haina hata swali lililoulizwa. Ukimuuliza inahusu nini anakwambia bado anatazama.

Nawaandikia kwa niaba ya hao, ingawa hawakunituma.

Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Namba 4 ya mwaka 1976, imejengwa juu ya mswada. Anayetaka kibali cha kupiga picha aeleze kwanza ni mambo gani yataonekana na ni maneno gani yatasemwa. Kwa mtu wa filamu ya kuigiza hilo halina kero. Mswada anao, waigizaji wanaukariri, na akiuwasilisha kwenu hapungukiwi kitu. Kwa kijana wa makala ya majaribio mambo yako kinyume: kwake maneno hupatikana mwishoni, mezani kwangu, baada ya picha kupigwa na kutazamwa mpaka macho yaume. Kumwomba mswada kabla ni kumwomba atunge.

Na wanatunga kweli. Kuna binti mmoja, mchoraji wa mkaa, aliyetaka kumfuata mama muuza samaki pale soko la Feri tangu alfajiri boti zinapoingia hadi jua linapokuwa kali. Mzoefu mmoja wa mambo ya vibali akamshauri: andika chochote, shida ni karatasi tu. Akaandika. Nimeusoma mswada ule. Muuza samaki anasema biashara ni ngumu lakini tunamshukuru Mungu. Mteja anajibu kwamba akina mama ni nguzo ya familia. Kisha wanazungumzia umuhimu wa usafi wa mazingira, kwa zamu, kama watu walio kwenye semina.

Picha zenyewe zilipofika kwangu, yule mama hakusema hata moja kati ya hayo. Kwa sehemu kubwa ya asubuhi hazungumzi na watu. Anazungumza na samaki. Anamshika changu mkiani, anamgeuza kwenye mwanga wa taa ya ukingoni, anambonyeza tumbo kwa kidole gumba na kumwambia, "Wewe wa jana, usinidanganye." Anamrudisha kwenye beseni la mwenye mali bila kumtazama mwenye mali. Anamchukua mwingine, anamfunua shavu aone wekundu, na huyo hamwambii kitu. Anamweka kwenye ndoo yake. Nyuma yake dalali anapiga mnada kwa sauti moja isiyo na pumzi, wapara samaki wameshaanza kazi, magamba yanaruka hadi kwenye kioo cha kamera, na binti hakuyafuta. Dakika nne nzima bila kukata. Ukimaliza kuzitazama unajua mama huyu ana miaka mingi Feri na ana madeni, na unajua pia mtu wa kumpunja bado hajazaliwa, ingawa hakuna aliyekueleza.

Sasa nyaraka zinasema nini? Karatasini kuna mazungumzo ya kubuni yaliyoombewa ruhusa kama ukweli, na dunia ya kweli ambayo haikuandikwa popote. Msichana asiye na tabia ya kusema uongo ameanza kazi yake ya kwanza ya ukweli kwa kudanganya kidogo, tena kwa ushauri wa mtu mzima. Na nyinyi mnaosoma mswada wa namna hiyo mnakuwa mmekagua kitu ambacho hakitatokea.

Siwalaumu walioandika sheria ile. Mwaka 1976 Tanzania Bara haikuwa na kituo hata kimoja cha televisheni; Zanzibar walikuwa nacho tangu 1973. Filamu zilitengenezwa na vyombo vya umma, Kampuni ya Filamu Tanzania iliyoanzishwa 1968 ikiwa mojawapo, na mkanda ulinunuliwa kwa fedha za kigeni. Gombo moja la milimita 16, la futi 400, linakupa dakika kumi na moja, basi. Katika hali hiyo mtu aliyewasha kamera bila kujua anatafuta nini alikuwa anachezea mali ya umma. Mswada ulikuwa nidhamu ya matumizi kama ulivyokuwa chombo cha ukaguzi. Leo kamera iko mfukoni mwa muuza karanga na gombo halimaliziki.

Tabia ya kuandika maneno kwanza na kuwatafuta watu wa kuyabeba baadaye ina mizizi ya mbali zaidi ya 1976. Kati ya 1935 na 1937 Waingereza waliweka kambi Vugiri, kwenye milima ya Usambara, wakatengeneza filamu zipatazo 35 kwa ajili ya Waafrika wa Tanganyika na nchi jirani. Mradi wenyewe waliuita jaribio. Walitengeneza filamu kuhusu kodi, kuhusu faida ya kuweka akiba benki ya posta, kuhusu minyoo ya safura na kilimo. Walizizungusha kwa lori. Kila filamu ilijua itamwambia nini mwanakijiji kabla mwanakijiji hajaonekana kwenye kioo, na yeye alitakiwa tu aje apunge mkono na kuweka akiba. Wasanii ninaowasemea wanataka kulipindua jaribio hilo: kamera ndiyo iende kufundishwa. Ni ajabu kwamba kwa utaratibu tulio nao, filamu za Vugiri zingepata kibali kirahisi kuliko zao.

Kuna filamu moja ya Mtanzania ambayo ningeomba kila mjumbe wa Bodi aitazame kabla ya kunijibu. Flora M'mbugu-Schelling aliitengeneza mwaka 1992, inaitwa These Hands, na ina urefu wa dakika 45. Alikwenda machimbo ya mawe ya Kunduchi, hapa hapa Dar es Salaam, akawapiga picha wanawake wanaovunja mawe kwa nyundo kuwa kokoto. Wengi wao ni wakimbizi wa Kimakonde kutoka Msumbiji. Wamekaa chini, miguu imenyooshwa, watoto wako pembeni kwenye vumbi. Nyundo inapanda, inashuka. Jiwe linakataa, linageuzwa, linapigwa tena. Anayechoka anaanza wimbo na wengine wanaupokea, na nyundo zinaingia kwenye wimbo bila mtu kupanga. Hakuna sauti ya mwanamume wa redio inayokueleza uchumi wa taifa, wala anayeulizwa kama amechoka. Baada ya muda mtazamaji mwenyewe anaanza kuhesabu: ndoo moja ya kokoto ni mapigo mangapi? Na nyumba yangu mimi ina ndoo ngapi?

Mswada wa filamu ile ungeandikwaje? Ukurasa wa kwanza: nyundo. Ukurasa wa pili: nyundo. Maneno yatakayosemwa: hayajulikani, mengine ni ya Kimakonde. Ofisa mwenye busara angeirudisha asubuhi hiyo hiyo na kumwambia mwombaji ajipange. Naye M'mbugu-Schelling alikuwa amejipanga kuliko sisi wote. Alijua akae wapi na akae kwa muda gani. Alijua pia wakati wa kunyamaza, na ufundi huo hauna namna ya kuandikwa kwenye mswada.

Mtasema huo ni mfano wa zamani na wa mtu mmoja. Basi tazameni Apostles of Cinema ya mwaka 2023, filamu fupi ya vijana wa Ajabu Ajabu wa hapa Dar. Inawahusu madj wetu wa filamu, wale wanaofunika sauti ya Hollywood au Bollywood kwa Kiswahili chao wenyewe, kazi aliyoivumisha dj Lufufu enzi za mikanda ya VHS. Kila aliyekulia kwenye kibanda umiza cha video anajua dj hafasiri neno kwa neno. Anaongeza, anakejeli, anampa jambazi wa Hong Kong lafudhi ya mtu wa Tandale, anamtania mwenye kibanda katikati ya mapigano. Uliza dj yeyote kesho atasema nini, atakucheka, maana hata yeye hajui. Ndani ya filamu hiyo hiyo mnaikuta Maangamizi, ya Martin Mhando na Ron Mulvihill, ambayo ndiyo filamu ya kwanza ya Tanzania kupelekwa kushindania Oscar, ikirudishwa kwa watu wa mtaani ambao hawakuwahi kupata nafasi ya kuiona. Kazi hiyo ya kuhifadhi sinema ya taifa wanaifanya vijana, kwa mikono yao.

Hata majirani wametangulia. Msanii Sammy Baloji alizaliwa mwaka 1978 Lubumbashi, mji ambamo Kiswahili ndicho lugha ya sokoni na ya nyumbani. Alianza na picha za mnato: aliwakata vibarua wa zama za Wabelgiji kutoka kwenye picha za kumbukumbu, akawasimamisha juu ya magofu ya viwanda vya shaba vya Gécamines, ukawaona watu wale waliokwisha kufa wamesimama kama wanaosubiri mshahara. Baadaye akaongeza kamera ya filamu. Mwaka 2025 makala yake ndefu, L'arbre de l'authenticité, ilipata Tuzo Maalumu ya Majaji katika tamasha la Rotterdam. Inahusu kituo cha utafiti wa kilimo cha Yangambi, kando ya Mto Kongo. Mmoja wa wasemaji wake ni Paul Panda Farnana, mtaalamu wa kilimo Mkongo aliyefariki 1930. Msemaji mwingine ni mti. Niko radhi kulipa nauli nione mti ule unavyojazwa kwenye fomu yenu, nafasi ya jina la mwigizaji.

Hapa kwetu nasi hatujakosa watu wa njia hiyo. Rehema Chachage amekuwa akitumia video na sauti pamoja na vitu vilivyopangwa chumbani, akifukua simulizi za wanawake wa ukoo wake, na kazi zake zimeonyeshwa nje ya nchi. Wanaomfuata wapo, nawaona mezani kwangu. Nisiwapambe kupita kiasi: baadhi ya kazi zao zinachosha, na wapo wanaodhani kuachia kamera izunguke ni falsafa. Niliwahi kusinzia nikiwa nalipwa. Ila filamu mbaya dawa yake ni mhariri mkali na watazamaji wanaoguna. Kibali hakijawahi kuiponya.

Najua mnachokiogopa, na si hofu ya bure. Kwa sisi tuliokuwa na akili zetu timamu mwaka 2006, neno makala bado linanuka mapanki, yale mabaki ya sangara baada ya minofu kuondolewa. Darwin's Nightmare ya Hubert Sauper, iliyotoka 2004, iliionyesha Mwanza kama jehanamu ya sangara na ndege za mizigo, ikashindania Oscar, na hapa nyumbani Rais Kikwete akaikemea hadharani na Bunge likaikataa. Watu wa Mwanza waliumia, na haki yao kuumia. Wengine walijiona wamegeuzwa mapambo ya huzuni ya mtu mwingine. Baada ya hapo ni rahisi kuelewa kwa nini ofisa yeyote anataka kujua mapema: huyu mwenye kamera anakwenda kusema nini juu yetu?

Nami nauliza, mswada ungemzuia? Mgeni mwenye fedha na mwanasheria anaandika mswada safi kuhusu mafanikio ya uuzaji wa minofu Ulaya, anagongewa muhuri, kisha anapiga anachotaka. Anayebanwa na hitaji hili ni mtoto wa Igogo au Kirumba, Mwanza kwenyewe, ambaye hana mwanasheria na angeweza kutengeneza makala ya pili kuhusu mji ule ule, akiwa anajua wenye mapanki kwa majina, anajua nani anayakaanga na nani anayala na kwa nini. Filamu ile ya Sauper ilikaa peke yake miaka yote hiyo kwa sababu hatukuwa na nyingine ya kuiweka mezani pembeni yake. Hotuba haijibu filamu.

Kilichowaumiza watu wa Mwanza ni kupigwa picha bila kujua watapelekwa wapi, na hapo ndipo ombi langu lilipo. Acheni kumdai kijana huyu maneno ya kesho, mdaini ridhaa ya leo. Atoe maelezo ya kurasa mbili kwa Kiswahili cha kawaida: yeye ni nani, anakwenda wapi, anataka kukaa na nani na kinachomvuta ni nini. Jambo likimbadilikia njiani, kama linavyobadilika karibu mara zote, atoe taarifa fupi na aendelee, asirudishwe mwanzo wa foleni. Kisha, kwa kila mtu anayeonekana kwa karibu, awe na ridhaa iliyorekodiwa kwa kamera ile ile, kwa lugha ya mhusika mwenyewe, mhusika akisema jina lake, anachoelewa kuhusu kazi hiyo, na anachokataa kisionyeshwe. Karatasi ya dole gumba naijua na ninyi mnaijua. Inasainiwa na mtu asiyejua kusoma huku amepewa soda. Sauti yake mwenyewe ni ngumu zaidi kughushi. Watoto na wagonjwa wapewe ulinzi mkali zaidi ya huo. Na kabla kazi haijaonyeshwa kwa umma, wenye sura wawe wameitazama kwanza, hata kama ni kwenye simu, chini ya mwembe.

Mamlaka yenu ya kukagua na kupanga madaraja yanabaki pale pale mwishoni, filamu ikiwa imekamilika na mnaweza kuiona kwa macho. Hapo mtakuwa mnakagua kitu chenyewe.

Kuna jambo dogo lingine nisiliache, japo ni la wachache. Kazi nyingi za vijana hawa hazionyeshwi ukumbini. Zinawekwa Nafasi Art Space pale Mikocheni au kwenye nyumba ya mtu, skrini tatu kwenye kuta tatu, picha zinajirudia mchana kutwa bila mwanzo wala mwisho, mtazamaji anaingia na kutoka apendavyo. Anayefanya hivyo anaitwa msanii wa sanaa za ufundi na anatazamwa na Baraza la Sanaa la Taifa (BASATA), au ni mtengeneza filamu na ni mtu wenu? Nimeona watu wakitumwa huku na huku mpaka siku ya ufunguzi inapita. Mkae na wenzenu wa BASATA, chai moja inatosha, mkubaliane kwamba kazi ya chumbani ina mlango mmoja. (Zanzibar wana Baraza lao, hao nitawaandikia siku nyingine, nikipata nguvu.)

Jambo la mwisho linahusu mitaani, ambako sheria yenu hukutana na watu msiowaajiri. Swali la "una kibali?" huulizwa na kila mtu: mgambo, mlinzi wa benki, mwenye duka la vipuri, mjumbe wa mtaa aliyetoka kulala. Mwenye gari lenye nembo na mwavuli mkubwa haulizwi. Anaulizwa binti aliyechuchumaa na simu, na asipojibu kwa sauti ya kutosha simu inachukuliwa. Mngetoa barua moja fupi inayotambulika kwa mwenyekiti wa serikali ya mtaa na kwa polisi wa kituo, inayosema huyu ni msanii, anafanya makala, amejieleza kwetu na namba ya ofisi yetu ni hii, mngekuwa mmeifanyia filamu ya Tanzania jambo kubwa kuliko zulia jekundu la tuzo. Barua hiyo isimgharimu zaidi ya nauli ya daladala kwenda na kurudi, maana fedha anayolipa hadi sasa anaitoa kwenye hela ya rangi na turubai.

Mabadiliko ya sheria yanapitia Bungeni na yana mwendo wake, naelewa. Mwongozo na fomu, hata hivyo, viko karibu zaidi na meza zenu. Anzeni na kundi moja dogo, kazi fupi zinazopigwa na mtu mmoja au wawili ndani ya wilaya moja, mtazame kwa mwaka mmoja kama nchi itatikisika. Nikiitwa kuja kueleza nitakuja, na nitakuja na yule binti wa Feri. Mswada wake wa kubuni ninao, na zile dakika nne ninazo. Nitaviweka vyote viwili mezani mbele ya wajumbe, kimoja baada ya kingine, kisha mniambie ni kipi kilichohitaji kibali.

Naomba kuwasilisha.

Mhariri wa picha,
Dar es Salaam